Jalada Halionekani

Kuna bahasha ya kaki ambayo kila mkazi wa Kariakoo na Gerezani wa umri wangu amewahi kuiona, hata kama hajawahi kuifungua. Hukaa juu ya kabati au chini ya godoro, imefungwa kwa uzi wa katani, na pembe zake zimelainika kama kitambaa kilichofuliwa sana. Ndani yake mna barua ya kuajiriwa, barua ya kuthibitishwa kazini, barua ya kupandishwa daraja, hati za mishahara za miezi fulani fulani, na nakala za barua ambazo mwenye bahasha aliandika kuuliza kwa nini mshahara haukubadilika baada ya ile barua ya daraja. Majibu ni machache. Mwenyewe huitoa anapofika mgeni anayesifika kwa kuielewa lugha ya serikali, naye huiweka mezani kwa mikono miwili, kama mtu anayeweka mtoto mchanga.

Nimezisoma bahasha za namna hiyo nyingi kuliko riwaya. Basi leo ndugu msomaji aniwie radhi nikizihakiki kama wengine wanavyohakiki riwaya na mashairi, kwa kuwa nazo ni maandishi yetu, na pengine zimesomwa kwa machozi kuliko diwani yoyote.

Jambo la kwanza atakaloligundua mhakiki ni sarufi yake. Mtumishi ndani ya barua hizi hutenda: alichelewa kuwasilisha, hakujaza fomu, alishindwa kuambatisha. Serikali haitendi. Mambo hutokea tu. Fedha hazijapatikana. Jina halijaonekana katika orodha. Jalada halionekani. Walimu wetu walituambia kwamba hiyo ni kauli ya kutendeka, wakatupa mifano isiyo na madhara: kikombe kimevunjika, mlango unafunguka. Hawakutuambia kwamba ofisi nzima huweza kuendeshwa kwa kauli hiyo moja. Kikombe kikivunjika nyumbani, mama huuliza ni nani aliyekivunja. Jalada lisipoonekana ofisini, anayeulizwa ni yule aliyekuja kulitafuta.

Jambo la pili ni kwamba, tofauti na watu wanavyodhani, ugomvi wa ngazi za mishahara mara chache huwa ni ugomvi juu ya ngazi zenyewe. Ngazi zimechapishwa. Mwalimu wa cheti huanza TGTS B, wa stashahada C, wa shahada D, na kila ngazi ina vidato vyake vya nyongeza ya mwaka. Hakuna hakimu anayehitajika kulisoma jedwali hilo. Kinachogombaniwa ni tarehe: daraja lilianza kuhesabika lini, mapunjo yanarudi nyuma miezi mingapi, na je, deni la mwaka ule linalipwa kwa shilingi ya mwaka ule au ya leo. Na kabla ya tarehe kuna mlango: ni baraza gani lenye mamlaka ya kusikiliza. Mdaiwa katika mashauri haya ndiye anayetunza jalada, ndiye anayeandika tarehe, na ndiye aliyetunga sheria inayosema mlango uko wapi. Nayasema haya si kwa chuki. Nasema ndivyo kesi zilivyo, na kwamba wanasheria wetu na waandishi wetu wa magazeti wametumia muda mwingi kuzungumzia kima cha mshahara na muda mchache mno kuzungumzia kabati.

Na tuanze hapa hapa tulipo. Jina la Kariakoo lenyewe ni kumbukumbu ya madai ya mishahara. Waingereza walipouteka mji huu mwaka 1916 waliweka kambi ya wapagazi wao wa jeshi, Carrier Corps, na wenyeji wakalitamka kwa namna ndimi zao zilivyotaka. Wapagazi hao walikuwa na ngazi yao ya mshahara: kule Kenya, ujira ulishushwa wakati wa vita hadi rupia 5 kwa mwezi, na aliyedumu miezi mitatu alipanda hadi rupia 6. Yaani walikuwa na nyongeza ya kidato, kama mwalimu wa leo. Maelfu kwa maelfu walikufa, wengi kwa kuhara na kichomi kuliko kwa risasi, na mishahara ya wengi waliokufa au kupotea haikuwafikia jamaa zao. Serikali za kikoloni za hapa ziliiomba London fedha hizo zilizobaki bila wenyewe. Mazungumzo yakavutwa kwa miaka, na London ikakataa. Sababu iliyotumika kuwanyima ni kwamba wenye haki hawakujulikana, kumbukumbu zao hazikukamilika. Majalada hayakuonekana. Sisi tunauza vitenge na simu juu ya kambi hiyo.

Utawala huo huo baada ya vita ya pili ulituma tume ya Holmes, ambayo mwaka 1948 ilipendekeza mtumishi asiyekuwa Mzungu alipwe sehemu tatu kwa tano za mshahara wa Mzungu mwenye kazi na elimu ile ile. Mwaka 1954 tume ya Lidbury ikapendekeza ngazi za rangi zifutwe, lakini ikaacha nyongeza kwa wale wanaoajiriwa kutoka ng'ambo, na msomaji anaweza kukisia rangi zao. Ninavitaja hivi vya kale kwa sababu moja tu. Dhuluma ya Holmes iliandikwa wazi kwenye karatasi. Mtu aliweza kuinyooshea kidole, na watu wa mji huu waliinyooshea. Dhuluma ya jalada lisiloonekana haina ukurasa wa kunyooshea kidole.

Sasa nifike kwenye shauri ambalo, kwa maoni yangu, ndilo kitabu kikubwa kuliko vyote katika maktaba hii ya bahasha: la wazee wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Jumuiya ya mwaka 1967 ilivunjika mwaka 1977. Reli, bandari, posta na simu, shirika la ndege, idara za utafiti, vyote vikagawanywa, na maelfu ya watumishi wakaamka wakiwa wameajiriwa na kitu kisichokuwapo. Gerezani yetu ilijaa watu wa reli. Najua nyumba ambazo ugomvi wa mezani kwa miaka ile ulikuwa ni kama mzee bado ni wa Jumuiya au amekwisha kuwa wa shirika jipya. Mei 14, 1984, huko Arusha, baada ya usuluhishi wa Mswisi Victor Umbricht, nchi tatu zilitia sahihi mapatano ya kugawana mali na madeni: Kenya asilimia 42, Tanzania 32, Uganda 26. Ndani ya mapatano hayo kila nchi ilichukua jukumu la kuwalipa raia wake pensheni na mafao waliyokuwa wameyachuma katika mashirika ya Jumuiya.

Isome sentensi hiyo tena. Haina utata. Mwanafunzi wa darasa la saba angeielewa. Lakini mwaka 2003, miaka 19 baada ya sahihi hizo, wazee 31,831 walikuwa Mahakama Kuu ya Dar es Salaam kudai kile kile. Septemba 2005, kesi ikiwa haijaamuliwa, pande mbili zikaandikiana hati ya makubaliano, na Serikali ikaanza kulipa. Zililipwa zaidi ya shilingi bilioni 100. Kisha ugomvi ukaanza upya. Serikali ikasema imelipa kilichokubaliwa, wazee wakasema wamelipwa kipande. Wakarudi mahakamani, wakakaa katikati ya barabara za mjini na kuzuia magari, vikongwe wa miaka sabini wenye fimbo na mabango. Madereva waliwapigia honi. Nilikuwa mmoja wa waliokuwa ndani ya daladala siku moja, na nakiri nilikasirika kwa kuchelewa kabla sijaona aibu.

Mhakiki anayeisoma kesi hii asiishie kuhesabu mabilioni. Afanye hesabu ndogo. Mwaka 1977 dola moja ya Marekani ilikuwa kama shilingi 8. Mwaka 2005 ilikuwa imepita shilingi 1,100. Karani aliyekuwa akidai shilingi 8,000 Jumuiya ilipovunjika alikuwa akidai dola elfu moja, fedha za kujengea vyumba viwili na ukumbi pale Temeke. Mwaka 2005 shilingi 8,000 hizo hazikufika dola nane. Zilinunua kuku wawili, labda na nazi. Kwa hiyo kila mwaka ambao deni halikulipwa, deni lilijilipa lenyewe kwa upande wa mdaiwa. Hakuna aliyeiba, hakuna aliyekataa. Ni fedha tu iliyoshuka, na unaona ndugu msomaji ile kauli ya kutendeka inavyorudi. Swali la kweli la kesi ile lilikuwa: ni nani anayebeba gharama ya miaka 28? Hilo ndilo ningependa kulisoma likijibiwa na jaji kwa kurasa arobaini. Hati ya makubaliano ililifunga kabla halijajibiwa, na kila kilichofuata kilikuwa tafsiri ya hati, si ya haki. Siwalaumu wazee kwa kutia sahihi. Walikuwa wanakufa kila wiki. Lakini hati inayotiwa sahihi na mtu anayekimbizana na kaburi haistahili kuitwa makubaliano kwa maana ambayo kamusi inalipa neno hilo.

Wenzao wa Kenya walijaribu mlango mwingine. Walikwenda Mahakama ya Afrika Mashariki huko Arusha, mtu mmoja na wenzake 748, wakiishtaki Serikali yao. Mwaka 2011 wakashindwa, na katika rufaa mwaka 2012 wakashindwa tena. Sababu: mkataba wa Jumuiya mpya ulianza kutumika mwaka 2000, na haurudi nyuma kushika mambo ya mwaka 1977 na 1984. Kisheria ni sahihi, siwezi kuitia dosari. Ila angalia: mahakama ya Jumuiya haina la kusema juu ya watumishi wa Jumuiya, kwa kuwa ile haikuwa Jumuiya hii.

Habari ya milango ni ndefu, nami nitaipita haraka. Sheria ya mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 iliweka sharti kwamba anayetaka kuishtaki Serikali apate kwanza ridhaa ya Serikali. Sharti hilo lilidumu hadi mwaka 1993, Mahakama ya Rufani iliposema katika shauri la Kukutia Ole Pumbun kwamba linakwenda kinyume cha Katiba. Bunge likaweka mahali pake notisi ya siku 90, na hiyo ni nafuu kubwa. Lakini kifungu kingine kilibaki: aliyeishinda Serikali hawezi kukamata mali yake. Ukimshinda jirani yako, dalali wa mahakama atakwenda kuchukua kochi lake. Ukiishinda Serikali unapewa hati ya kuonyesha unadai kiasi gani, kisha unaipeleka kwa yule yule aliyekuwa na jalada lako. Sielewi kwa nini wanafunzi wetu wa sheria hawaanzishwi kwa kifungu hiki siku ya kwanza.

Mwaka 2016 kikaongezwa katika Sheria ya Utumishi wa Umma kifungu cha 32A, kinachomtaka mtumishi amalize kwanza ngazi zote za rufaa za ndani ya utumishi kabla ya kugusa sheria za kazi. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta na mtu aliyekuwa mtumishi wake, ikathibitisha kwamba Tume ya Usuluhishi na Uamuzi haikuwa na mamlaka juu ya mtumishi wa umma kama yule. Shauri lilihusu kuachishwa kazi, si daraja, lakini mlango ni ule ule. Wapo watu ambao walikuwa wamekwisha kushinda huko chini, wakaambiwa walishinda katika nyumba isiyo yao. Kuanza upya kunahitaji muda, na nimekwisha kueleza muda unafanya kazi kwa nani.

Walimu nao. Jengo la chama chao, Mwalimu House, liko Ilala Boma, mwendo wa miguu kutoka Kariakoo. Julai 30, 2012 walianza mgomo wakidai nyongeza ya mshahara ya asilimia 100 na posho za kufundishia, na nyuma ya madai hayo makubwa yalikuwapo yale madogo ya siku zote: madaraja, mapunjo, malimbikizo, nauli za likizo. Agosti 2, Mahakama Kuu Kitengo cha Kazi iliuzuia kwa sababu taratibu za kuitisha mgomo hazikufuatwa. Hapa lazima nikilaumu chama. Mtu anayejua kwamba adui yake ni utaratibu, anaukosaje utaratibu? Madai ya asilimia 100 yalipendeza jukwaani, na yakayazika chini yake madai ambayo yalikuwa na ushahidi wa karatasi, shilingi kwa shilingi, na ambayo Serikali isingeweza kuyacheka.

Nao upande wa pili wana haki yao ya kusikilizwa. Si kila bahasha ya kaki ni ya kweli. Aprili 28, 2017 ilitangazwa orodha ya watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Kabla yake mishahara ya watumishi hewa ilikuwa imeliwa kwa miaka. Hazina ina sababu ya kukagua. Ila ukaguzi huo ulioanza mwaka 2016 ulisimamisha upandaji wa madaraja kwa wote, wakweli na waongo, na wapo waliokuwa na barua mkononi ambao mshahara wao mpya ulikuja kuhesabiwa tangu tarehe ya baadaye sana. Madaraja yalipofunguliwa likaja neno jipya ofisini, ambalo mhakiki wa lugha hawezi kulipita: mserereko. Aliyecheleweshwa atapandishwa "kwa mserereko", yaani atarushwa hadi awafikie wenzake. Sijui ni nani aliyelibuni. Katika Kiswahili nilicholelewa nacho mtu huserereka akishuka, kwenye utelezi, na kwa kawaida hujiumiza. Labda mbunifu alikuwa mkweli kuliko alivyokusudia, maana mserereko hukuweka kwenye ngazi yako ya haki kuanzia leo. Ile miaka ya katikati inabaki kwenye utelezi.

Nimeahidi uhakiki, na mhakiki hana budi kusema amesimama wapi.

Nilifanya kazi masjala kwa miaka kadhaa, katika ofisi ambayo sina sababu ya kuitaja. Mwaka mmoja tulipata agizo la mdomo (maagizo ya aina hii hayaandikwi) kwamba madai ya malimbikizo yasipelekwe ghorofani kabla ya mwaka mpya wa fedha kuanza Julai. Ilikuwa Machi. Alikuwapo mzee mmoja wa Gerezani, aliyekuwa akija kila Jumanne kwa miguu, shati limepigwa pasi. Alikuwa anadai mapunjo ya miezi 14, tofauti ya daraja moja tu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Leo kuna heri?"

"Jalada halionekani mzee. Jaribu wiki ijayo."

"Haya. Mungu akipenda."

Jalada lilikuwa mezani pangu, chini ya kiwiko changu. Alikuwa anaweza kulisoma jina lake kama ningeinua mkono. Sikuiba senti yake, sikupokea kitu, na nilipokwenda nyumbani nilikula nikashiba. Nilisema maneno mawili yaliyokuwa sarufi safi. Nimewasikia wasomi wakieleza tatizo la mafao kwa ufinyu wa bajeti, kwa masharti ya wafadhili, kwa ubovu wa mitambo ya kumbukumbu, na yote yana ukweli wake. Katika maelezo yote hayo sijakiona kiwiko.

Julai ilifika, nikalipandisha jalada. Lilirudi Oktoba likiwa na maelekezo kwamba liambatishwe hati ya mshahara ya mwezi fulani wa miaka sita nyuma, hati ambayo nakala yake ya ofisi ilipaswa kuwa katika jalada hilo hilo. Mzee alikuwa nayo kwenye bahasha yake. Aliileta Jumanne iliyofuata, na sikumpa risiti kwa kuwa hatukuwa na utaratibu wa kutoa risiti za karatasi.

Sasa wizara zimehamia Dodoma. Treni mpya ya umeme iliyoanza mwaka 2024 inakufikisha huko kwa shilingi 31,000 daraja la kawaida, nayo husimama mwendo mfupi tu kutoka nyumba za reli za Gerezani. Watumishi vijana wanajaza taarifa zao za utendaji kwenye kompyuta, na wanasema jalada la kompyuta halipotei. Huenda. Mei Mosi ya mwaka 2025 kima cha chini cha serikalini kilitangazwa kupanda kutoka shilingi 370,000 hadi 500,000 kuanzia Julai, na watu walishangilia, nami nilishangilia. Nilitafuta katika magazeti habari za malimbikizo ya zamani.

Yule mzee hakulipwa akiwa hai. Baada ya matanga wanawe walikwenda Mahakama ya Mwanzo Kariakoo kufungua mirathi, kwa kuwa bila msimamizi wa mirathi hakuna anayeruhusiwa hata kuuliza habari za jalada. Wa mama mkubwa na wa mama mdogo hawakukubaliana nani awe msimamizi. Shauri liliahirishwa mara tatu. Mara ya mwisho nilipokutana na binti yake, pale kona ya Msimbazi, aliniamkia kwa adabu, akaniambia bahasha anayo yeye, na akaniuliza kama bado nafahamiana na mtu yeyote kule masjala.